Jozi Kumi za Soksi

Kila asubuhi, kabla ya kunywa chai, Nukaga Shigeki husimama mwisho wa korido ya nyumba yake akiwa na jozi kumi za soksi zilizoviringishwa kama mayai, akazirusha moja moja kwenye mdomo wa mashine ya kufulia. Mashine iko mlangoni mwa bafu, hatua tisa kutoka anaposimama. Harushi kwa nguvu. Huinua mkono, huachia, husikiliza. Soksi ikiingia husikika puf, basi. Ikigonga ukingo hutoa mlio mwingine, na mkewe Chizuru, aliyeko jikoni anakoroga supu, hujua hesabu bila kugeuza shingo.

"Kumi kwa kumi," alikuwa akisema Chizuru miaka yote. "Haya, nenda kazini, baba."

Mwezi wa tano mwaka jana zilianza kuingia tisa. Mwezi wa sita, saba. Chizuru aliacha kutaja hesabu. Mumewe akishatoka, alikwenda kuziokota zilizoanguka sakafuni, akazitia kwenye mashine yeye mwenyewe.

Nukaga alikuwa mrushaji wa mazoezi wa Isaribi, timu ya besiboli ya kulipwa ya mji wetu wa Tonozaki. Mrushaji wa mechi hutafuta kumdanganya mpigaji asiuguse mpira. Kazi ya Nukaga ilikuwa kinyume chake. Mchana, kabla ya mechi, aliwarushia wapigaji wetu mipira iliyonyooka, mahali pale pale, kwa mwendo ule ule, ili waipige wapendavyo, miili ipate moto na mioyo itulie. Alisimama nyuma ya wavu mdogo uliokatwa pembe, mita kumi na tano kutoka kwa mpigaji, na kando yake kulikuwa na toroli lililojaa mipira. Mipira mia na ishirini kwa siku. Nilikuwa naketi nyuma ya nyavu na kuihesabu, kwa sababu ofisi inayotoa kijitabu cha mashabiki ilinipa kazi hiyo pia.

Alifika Isaribi akiwa na miaka kumi na minane, mtoto wa fundi mikeka kutoka kisiwani, mrefu, mwenye masikio makubwa. Alirusha mechi kumi na moja tu za kikosi cha kwanza. Alipofika miaka ishirini na sita bega lilikataa, na klabu ikamuuliza kama angependa kubaki awarushie wenzake. Anasema alikubali kabla hawajamaliza kuuliza. Mwaka jana ulikuwa wa kumi na nane katika kazi hiyo. Mkataba wake ulikuwa wa mwaka mmoja mmoja, kama wa wachezaji wote wadogo. Mwanzo wa mwezi wa kumi, ambaye hatakiwi tena hupigiwa simu asubuhi, akaambiwa aje ofisini amevaa suti. Asiyepigiwa hubaki.

Sasa kuna ugonjwa wa warushaji ambao uwanjani kwetu hautajwi jina. Hauko begani wala kwenye kiwiko, na daktari hauoni kwenye picha. Siku moja vidole husahau tu wakati wa kuuachia mpira. Mtu aliyerusha vizuri maisha yake yote anaupeleka mpira miguuni pake mwenyewe, au juu ya uzio, au usoni mwa mtu, na kadiri anavyojitahidi ndivyo anavyozidi kuharibu. Wachezaji wanaamini kuutaja ni kuusambaza. Mgeni akilisema lile neno chumbani mwao, watu huinuka mmoja mmoja wakaenda kunawa mikono. Aliyeugua hafukuzwi kwa maneno. Ila baada ya siku chache utaona makabati ya jirani zake yamehamia upande wa pili wa chumba. Na mimi sitaliandika hapa.

Nukaga aliujua siku ya kwanza. Ilikuwa mwezi wa tano, siku ya mawingu, mpira wa arobaini na kitu. Uliponyoka, ukaanguka mbele yake, ukabingirika kwenye nyasi kama tunda lililodondoka. Mpigaji akacheka, akamwita kwa kifupi cha heshima ambacho wachezaji wote walimwitia. "Nuka-san, umelala?" Nukaga naye akacheka, akapangusa mkono kwenye suruali. Lakini usiku ule, ameniambia, alikaa chooni akiutazama mkono wake wa kulia kama wa mtu mwingine.

Angeweza kuficha, kama si matokeo yetu. Timu ikishinda hakuna amtazamaye mrushaji wa mazoezi. Ila mwaka jana Isaribi ilikuwa inapoteza. Tulipoteza kwa tofauti ya kumi, tukapoteza kwa tofauti ya moja, tukapoteza mechi iliyokatizwa na mvua tukiwa nyuma. Mwishoni mwa mwezi wa saba tulikuwa tumepoteza kumi na tatu mfululizo, na watu wakaanza kutafuta mkosi umejificha wapi. Vilima vidogo vya chumvi ya kufukuza mkosi viliwekwa pande zote mbili za mlango wa kutokea uwanjani. Basi la timu lilibadilisha njia, likapitia makaburini, tukapoteza, likabadilisha tena. Kocha mkuu Hirabuki alivaa chupi ile ile ya siku ya ushindi wa mwisho mpaka mkewe akaichoma moto. Na kila jioni, jukwaa la nje, mzee mmoja mwenye taulo shingoni alisimama kwenye kiti chake akapaaza sauti:

"Nyie! Wekeni magongo chini mchukue miavuli! Mvua ikinyesha angalau mtakuwa mmefaa kitu!"

Watu walicheka, na wachezaji waliokaa kwenye benchi walitazama viatu vyao.

Aliyeumia kuliko wote ni Domeki, kapteni. Alikuwa na miaka thelathini na tano, na alikuwa amekwenda kupiga mara ishirini na mbili bila kufika popote. Miaka tisa hakutaka kurushiwa na mtu mwingine ila Nukaga. "Yule ni saa ya ukutani," alikuwa akisema. "Naweza kupiga nimefumba macho." Na kwa kweli alipiga mazoezi akiwa na kofia ya kitambaa tu. Hakuna aliyewahi kuhitaji kofia ngumu mbele ya Nukaga.

Siku ya mechi ya kumi na nne, mpira wa kumi na saba ulikwenda sikioni mwa Domeki.

Niliuona ukitoka mkononi vibaya. Domeki alijitupa nyuma, akaanguka kwa makalio, kofia ikaruka. Mpira ukapiga wavu nyuma yake, mbele ya uso wangu, na hata waliokuwa wanakimbia mbali kwenye nyasi wakasimama. Nukaga alivua kofia akainama mpaka kiunoni.

Domeki aliinuka, akajipangusa vumbi.

"Tena," akasema.

"Nini, Kapteni?"

"Rusha hivyo hivyo tena. Umeona, sio? Umeona ninavyoegemea mbele kama bibi anayechungulia dirishani. Miaka tisa hujawahi kunikaribia hata shati, leo unanirushia sikioni. Unaniambia nirudi nyuma."

Hapo palikuwa na nafasi ya sentensi moja tu ya kumsahihisha. Nukaga aliivaa kofia yake.

"Ndiyo," akasema.

Jioni ile Domeki alisimama nyuma kidogo, akapiga mipira miwili mpaka jukwaani, na tukashinda tano kwa nne. Watu walilia kama tumechukua ubingwa. Walipompandisha kwenye jukwaa dogo la shujaa wa siku na kumpa kipaza sauti, alisema mbele ya watu elfu kumi na nane: "Wa kushukuriwa si mimi. Ni Nuka-san, mrushaji wetu wa mazoezi. Mchana alinirushia kichwani, akaniamsha usingizini!"

Mzee wa taulo akapiga kelele: "Basi awarushie vichwani wote!"

Nukaga alikuwa ndani anafunika toroli la mipira. Aliyasikia yote kwenye vipaza sauti.

Chumbani mwa wachezaji kuna ubao mweupe ambapo kila mpigaji huandika jina lake chini ya mrushaji anayemtaka. Warushaji wa mazoezi walikuwa watatu. Siku iliyofuata majina sita yalikuwa chini ya Nukaga, na wenzake wawili hawakuwa na mtu. Alisimama mbele ya ubao kama anayesoma tangazo la msiba.

"Umekuwa nyota uzeeni, Nuka-san," mmoja wa wenzake akamtania. "Utusaidie na sisi, utufundishe kukosa."

"Haifundishiki," alijibu Nukaga, na wakacheka sana.

Kuanzia hapo kila mchana ulikuwa hivyo. Mipira minane au tisa ilikwenda alikolenga. Kisha mmoja haukwenda. Wapigaji waliruka, wakaanguka, wakainuka wanacheka. "Karibu uniue, mzee!" "Bado, nakungoja kesho!" Walidhani anachagua wa kumtisha na wakati wa kumtisha. Yeye alikuwa anasubiri kama wao, aone utakwenda wapi. Nilimwona akirudi kwenye toroli, anaukamata mpira, anauweka, anachukua mwingine, anauweka, kana kwamba katika mipira mia mbili kuna mmoja anaoujua. Alianza kuvaa mikono mirefu kwenye joto la mwezi wa nane, watu wasione mkono unavyotetemeka. Tonge lake la wali la mchana nilikuwa nalikuta kwenye pipa la taka, limefungwa bado.

Kwa siku sita tulishinda tatu. Kwa timu yetu mwaka ule, hiyo ilikuwa sikukuu.

Siku ya saba lilikuwepo jina jipya ubaoni, limeandikwa chini kabisa kwa herufi ndogo za heshima: Ushio. Alikuwa na miaka ishirini, ametoka kikosi cha pili wiki ile ile. Mama yake anauza tofu, ile jibini ya soya, huko kaskazini na humpigia simu kabla ya kila mechi kumkumbusha kula. Kila mtu alijua asipopiga vizuri ndani ya siku kumi atarudishwa alikotoka. Kama vijana wote, aliamriwa kuvaa kofia ngumu. Na alikuwa na tabia mbaya kuliko ya Domeki. Aliegemea mbele mpaka uso ukawa juu ya kibao cha nyumbani, pale mpira unapopita.

"Nuka-san, naomba unirushie kama ulivyomrushia Kapteni."

"Simama nyuma kidogo kwanza, mwanangu."

"Si ndiyo unifundishe?"

Mpira wa nne ulimgonga juu ya sikio. Ule mlio, tak, wa ganda gumu, nausikia mpaka leo nikifunga kabati la jikoni. Ushio alipiga goti moja chini. Daktari wa timu akaja mbio, akamtazama macho, akamuuliza leo siku gani, akajibu. Kisha akainuka, akatoa kofia ngumu, akainamisha kichwa mbele ya Nukaga kwa adabu zote.

"Asante sana! Kesho tena tafadhali."

Nukaga alimaliza zamu yake akirusha polepole kama anayelisha kuku. Halafu akaenda nyuma ya ghala la mashine za kukata nyasi, akatapika.

Asubuhi iliyofuata, soksi zilizoingia zilikuwa mbili. Chizuru ndiye aliyenisimulia haya, na mumewe alikuwa pale pale akisikiliza bila kumkatiza. Anasema alizima jiko, akatoka kwenye korido, akakaa sakafuni katikati ya zile soksi.

"Tangu lini?"

"Mwezi wa tano."

"Hilo najua, baba. Mimi ndiye ninayeziokota. Nauliza tangu lini unarusha kwenye vichwa vya watoto wa watu ukijua."

Nukaga aliokota soksi moja.

"Waambie leo."

"Nikiwaambia, mwezi wa kumi simu italia."

"Ndiyo, italia. Ikilia hapa mezani, tutaipokea. Usipowaambia italia kule kwenye tofu, kwa mama wa yule kijana. Chagua ilie wapi."

"Chizuru, sijui kazi nyingine."

"Najua hujui," akasema mkewe, akaanza kuziviringisha soksi upya.

Mchana ule hapakuwa na upepo hata kidogo, nyenje walikuwa wanapiga kelele kwenye miti ya maegesho. Kocha mkuu Hirabuki alisimama nyuma ya uwanja wa kupigia, mikono mgongoni. Domeki alikuwa anangojea zamu, ameegemea gongo. Ushio aliingia wa kwanza. Alama nyekundu ilionekana chini ya nywele zake. Akainama, akasimama, akaegemea mbele kuliko jana, akionyesha kwamba haogopi.

Nukaga alichukua mpira. Akauweka. Akachukua mwingine.

"Rusha, Nuka-san!" Ushio akamhimiza.

Aliinua mkono. Nilikuwa na kidude cha kuhesabia kidoleni na nilikibonyeza, kwa sababu mkono ulipofika juu nilidhani mpira umeshatoka. Haukutoka. Mkono ulibaki juu, kisha ukashuka na mpira ndani yake. Anasema hakuwa anausikia mpira vidoleni. Ni kama kushika hewa iliyopakwa rangi nyeupe.

Akaurudisha kwenye toroli, akatoka nyuma ya wavu, akavua kofia. Halafu akalitaja lile neno. Alilitaja kwa sauti ya kawaida, kama mtu anayetaja mtaa anaoishi.

"Ninao," akasema. "Tangu mwezi wa tano."

Mtu wa karibu naye aliyekuwa anaokota mipira alirudi nyuma hatua mbili. Mmoja wa warushaji wenzake akageuka akaenda kwenye bomba, na nikasikia maji. Ushio alibaki na gongo begani, hajui kama anaruhusiwa kutoka.

"Nyamaza," Domeki akasema. "Usiseme hilo neno hapa. Tuna mechi."

"Samahani, Kapteni."

"Na siku ile? Ule wa sikioni?"

"Sikukusudia. Nililenga katikati."

Domeki alipeleka mkono sikioni polepole, akalishika kama anayehakikisha lipo. Nadhani ndipo alipoona, kwa mara ya kwanza, ule mpira ulipita wapi.

"Ulilenga katikati," akarudia. "Na mimi nikakwambia tena. Na ukarusha tena."

"Ndiyo."

"Na huyu mtoto."

"Na huyu pia."

Kocha Hirabuki alikuwa amekwisha fika. Hakuonyesha hasira. Alimwambia Ushio atoke, akamwambia mrushaji mwingine aingie, na bila kumtazama Nukaga usoni akamwambia, "Nenda nyumbani ukapumzike." Mazoezi yakaendelea. Nukaga aliinamia uwanja kama anavyofanya kila siku, akapita kati ya vile vilima viwili vya chumvi, akaingia ndani. Alipopita, kimoja kilibomoka kwa sababu aligusa kisahani kwa kiatu, na hakuna aliyeinuka kukirekebisha.

Jioni ile tulipoteza. Tukapoteza na iliyofuata, tukapoteza tisa mfululizo. Domeki hakuugusa mpira vizuri kwa siku kumi na moja. Alikuwa akiruka nyuma hata mpira unapopita katikati. Ushio alirudishwa kikosi cha pili na bado yuko huko, mzima, anakula. Tulimaliza wa mwisho kwa umbali ambao sitautaja kwa sababu ya mzee wa taulo. Kabati la Nukaga lilibaki peke yake kwenye ukuta wake.

Simu ililia siku ya pili ya mwezi wa kumi, saa mbili na nusu asubuhi. Chizuru alikuwa ameshaipiga pasi suti.

Mwisho wa mwezi ule ofisi ilinituma nimpelekee sanduku la vitu vyake: glavu mbili, taulo, redio ndogo, kalenda iliyoishia mwezi wa nane. Nilifika asubuhi mapema mno, nikaona aibu, nikataka kuliacha mlangoni. Chizuru alinivuta ndani akanipa chai baridi ya shayiri. Nukaga alikuwa mwisho wa korido amevaa pajama, na hakuacha alichokuwa anafanya. Puf. Puf. Nilihesabu bila kukusudia, kwa mazoea. Zote kumi ziliingia.

"Zimerudi," nikasema.

"Zilirudi kesho yake baada ya simu," Chizuru akajibu kwa niaba yake, na hakufurahi.

Tulikaa mezani. Alinisimulia karibu yote niliyoandika hapa, na mkewe akayajaza yaliyobaki, na nilikuwa na swali moja tu, ambalo nilikuwa nalibeba tangu mwezi wa nane. Nililiuliza nikiwa natazama kikombe.

"Nuka-san, kama timu ingekuwa inashinda kila siku, ungewaambia?"

Chizuru aliacha kusogeza vyombo.

"Hapana," akasema. "Ningerusha."